Spika Iliyolala

Sijui nianzie wapi na Chifu, kwa sababu mpaka leo sijamwelewa. Nilikaa jirani naye Lodwar miaka mingi, kibanda changu cha cherehani kikiwa kimeegemea kabisa ua wa boma lake karibu na lango. Ungeniuliza asubuhi huyu ni mtu wa namna gani, ningekupa jibu, halafu jioni ningekuja kukuomba unirudishie jibu langu. Tulimwita Chifu hata baada ya serikali kumstaafisha. Kofia aliirudisha ofisini, lakini cheo alibaki nacho mdomoni mwa watu. Alizaliwa wapi, na ni wa ukoo gani, hayo waulize watu wake. Mimi nilitoka Kitale na cherehani yangu, nikamkuta, na sasa nimesharudi Kitale. Ninayo niliyoyaona na niliyoyasikia tu, na hayo niliyoyasikia ndiyo yaliyonivuruga kichwa.

Kwanza, mtu huyu alikuwa na ugonjwa wa mgao. Katika miaka yake ya uchifu kazi kubwa ilikuwa kusimama mbele ya magunia ya mahindi ya msaada na kuhakikisha hakuna aliyerukwa. Ukame ukija, magunia nayo yanakuja, na Chifu anasimama juani na fimbo yake, macho kwenye kile kikombe cha kupimia. Wanasema aliwahi kumrudisha ndugu yake wa tumbo moja nyuma ya foleni, mbele ya watu wote, na ndugu huyo akakaa muda mrefu bila kumsalimia. Kustaafu hakukumponya. Mbuzi akichinjwa bomani kwake, nyama ilipangwa juu ya matawi mafungu mafungu, kisha yeye akaanza kuzunguka: kipande hiki kiende kule, mfupa huu uje huku, hapana, rudisha. Watoto walilia njaa nyama ikiwa mbele yao.

"Mgao ni mgao," alikuwa akisema. "Ukimruka mtu leo, kesho atakuruka wewe."

Na mimi, mtu wa kuja, nilikuwa na fungu langu kila mara, hata kama ni kipande cha utumbo. Nikimwambia Chifu, jamani, mimi si wa boma lako, ananitazama kama vile nimemtukana. Kwake yeye mtu wa langoni naye alikuwa mtu, akahesabiwa.

Alikuwa na wake watatu. Mke Mkubwa alikuwa mama mpole wa kucheka kimya kimya huku mabega yakitikisika. Wa pili alikuwa mtu wa kanisa na wa kazi zake, maneno machache. Wa tatu tulimwita Mke Mdogo, ingawa hakuwa mdogo kwa lolote: mrefu kuliko mumewe, mdomo wembe, mfanyabiashara wa samaki wakavu ambao mama yake alimletea kutoka Kerio. Kila mke alikuwa na nyumba yake, na nyumba ya nne ilikuwa ya mama mzazi wa Chifu, bibi kikongwe ambaye masikio yake yalikuwa yamechoka. Nyumba hizo zilizunguka uwanja wa mchanga. Katikati ya uwanja ndipo Chifu alipoweka kigoda chake.

Hicho kigoda lazima nikueleze. Wenyewe wanakiita ekicholong, kipande cha mbao kilichochongwa, ambacho mzee hutembea nacho mkononi popote aendapo, mchana anakikalia, akilala anakiweka chini ya kichwa. Mzee wa Kiturkana hakai mchangani hivi hivi. Na mwanamke hakikalii kigoda cha mumewe. Siku moja nilichoka kusimama nikimpima Chifu shati, nikataka kujishikiza pale, Mke Mkubwa akanivuta mkono kabla sijafika. "Wacha, Mama Fundi," akaniambia. "Hapo ni pake peke yake." Basi nikasimama.

Sasa ile mashine. Chifu alipokuwa bado kazini alikwenda sana Kakuma kwenye mikutano ya maji, na huko alipata urafiki na mzungu mmoja aliyechimba visima. Mzungu alipomaliza kazi yake na kufunga mizigo, alimwachia Chifu mashine ya kuchezea diski, spika ndogo tano, spika kubwa moja ya besi, na diski moja. Moja tu. Ni muziki wa zamani wa magitaa ya umeme, ule wa wanaume wenye nywele ndefu, vijana wa mjini wanauita hevi metali. Mtaani kwetu tuliuita muziki wa mabati. Kabla ya kuondoka, mzungu huyo alimkalisha Chifu kwenye kiti katikati ya chumba chake, akazipanga spika zimzunguke, mbili mbele kwenye pembe, moja mbele katikati, mbili nyuma, akamwekea diski yote mwanzo hadi mwisho. Chifu alirudi Lodwar na maboksi yake juu ya lori, na ile jioni hakusalimia mtu. Alipita tu.

Mtu mwingine angeziweka spika zote nyumba moja, akafunga mlango, akasikiliza. Si Chifu. Kitu kimeingia bomani, kitu lazima kigawanywe. Akawaita wake zake, akazipanga spika mchangani, akasema mkubwa achague kwanza. Mke Mkubwa akachukua moja ya zile zilizosimama, wa pili akachukua mwenzake. Mke Mdogo, kwa kuwa alikuwa wa mwisho, akapata ile ya katikati, ambayo haikusimama bali ililala ubavu. Nilimwona akiigeuzageuza. Mbili za nyuma zilibaki. Chifu akafikiri, akampa mama yake moja, na ya mwisho akaitundika langoni, juu ya kibanda changu.

"Chifu, mimi ya nini?" nikamuuliza.

"Umerukwa wakati gani hapa?" akanijibu.

Ile ya besi haikupata mwenyewe. Iliwekwa kando ya zizi la mbuzi, na mbuzi hawakumsamehe Chifu.

Alikuja kijana mmoja fundi wa umeme kuunganisha nyaya, akashika kiuno akicheka. "Mzee, hizi zinafaa kukaa rumu moja, bana. Zikuzunguke. Ukizitawanya hivi, kila mtu atasikia kivyake."

"Rumu moja ya mke gani?" Chifu akamuuliza.

Kijana akaacha kucheka. Akatazama nyumba ya kwanza, ya pili, ya tatu.

"Basi fukia waya," Chifu akasema.

Nyaya zikapitishwa ndani ya mipira ya maji, zikafukiwa mchangani. Na ukiangalia vizuri, hakuharibu mpangilio wa mzungu: nyumba za wake zilikuwa mbele yake, ya mama yake na lango vilikuwa nyuma yake, na yeye katikati kwenye kigoda. Ni kwamba tu chumba kilikuwa kikubwa na hakikuwa na paa.

Jioni, jua likianza kulegea, Chifu alitoka amevaa lile shati lake la khaki la kazi, mimi ndiye niliyekuwa nikiliwekea viraka, na shuka chini. Aliwasha mashine, akatembea polepole mpaka katikati, akakaa. Ukimjia na shida yako wakati huo aliinua kiganja, na kiganja kilibaki juu mpaka wimbo uishe. Watu wazima walisimama pale wakisubiri kiganja kishuke. Hakutikisa kichwa, hakupiga mguu. Alikaa tu wima, na usoni huoni kitu.

Nami nilisikia nini? Hapa ndipo nilipochanganyikiwa miaka na miaka. Kwenye spika yangu hapakuwa na wimbo wowote. Palikuwa na kitu kama upepo. Halafu kimya. Halafu mlio wa gitaa ukija kwa mbali umeshapoa, mwisho wa neno bila mwanzo wake, ngoma moja iliyochelewa, mara kengele, tena kimya, ghafla makelele ya watu wengi wakishangilia jambo nisilolijua. Nashona sketi ya mwanafunzi, nasikia hao watu wanashangilia, nageuka, hakuna mtu. Nilimwonea Chifu huruma. Nilisema, maskini, mzungu amemwachia mashine mbovu, na mzee wa watu anaona haya kusema.

Siku nyingine nilimuuliza kabisa. "Chifu, unapenda nini humo?"

"Ni baraza," akasema. "Miaka yote nimesikiliza watu wakisema mmoja mmoja, na bado wanapigana. Hawa wote wanasema kwa wakati mmoja, kwa hasira, na hakuna anayepigwa."

Nikasema, sawa, leo nimemwelewa. Wiki iliyofuata alinikuta namwambia mteja maneno hayo hayo, akanikatiza. "Hapana. Ni ng'ombe. Nilipokuwa kijana ningesimama katikati ya ng'ombe wakirudi, huyu analia huku, yule kule, kengele nyuma yangu, na mimi najua kila mmoja yuko wapi bila kugeuka." Ng'ombe hao walishakwisha, sijui ni ukame au ni nini, hilo hakulisema. Basi ni baraza au ni ng'ombe? Mchungaji naye alikuja na lake, kwamba ule muziki ni wa shetani, na Chifu ni mshirika wa kanisa lake. Chifu akamsikiliza kwa heshima, akamwambia, "Mchungaji, shetani hawezi mpangilio kama huu. Shetani angepiga zote mahali pamoja." Jumapili akaenda kanisani kama kawaida akakaa kiti cha mbele. Mtu kama huyo utamweka wapi?

Aliyepata shida ya kweli alikuwa Mke Mdogo. Wenzake walipata magitaa. La Mke Mkubwa lilisaga kama jiwe la unga, naye alilizoea mpaka akawa anapepetea mtama kwa mwendo wake. La mke wa pili lililia juu juu, akasema linamkumbusha mtoto wake alipokuwa mchanga. Bibi kikongwe alisikia kidogo tu, akawa anauliza kama mvua imeanza. Lakini ile spika iliyolala ilikuwa na sauti ya mtu. Mwanamume, karibu peke yake, bila gitaa la kumfunika, akipiga kelele kwa Kiingereza ndani ya nyumba ya mwanamke kila jioni ya Mungu.

"Mama Fundi," aliniambia akiwa ameleta leso zake nizipinde, "wenzangu wamepewa ngoma na nyuzi. Mimi nimepewa mwanamume wa kunifokea. Nimekosa nini?"

"Mwombe Chifu ubadilishane na mwenzako."

"Nimemwomba. Anasema mgao ukishatoka haurudi. Hata hakunieleza kwa nini. Wewe unajua ni kwa nini?"

Ningejua wapi, mimi ambaye kwangu ni upepo tu?

Halafu ikaja ile siku. Mama yake Mke Mdogo alifika kutoka Kerio na mzigo wa samaki, akaingia nyumbani kwa binti yake, akakaa kwenye ngozi apumzike. Chifu alikuwa ametoka, akarudi hana habari. Sasa kwa watu hawa mama mkwe si mtu wa kuchezea. Chifu mwenyewe, na ukubwa wake wote, akimwona mkwe wake njiani anapinda, na akisema naye anasema kwa sauti ya chini akiwa ameangalia kando. Jioni ilipofika akavaa shati lake, akawasha mashine, akakaa. Na katika wimbo ule, nimekuja kuujua baadaye, kuna mahali yule mtu anapiga ukelele mmoja mrefu, mrefu, hata unajiuliza pumzi anaitoa wapi. Ukelele huo ulimpata mama mkwe usoni.

Mimi niliona mwisho wake tu. Mama yule mtu mzima alitoka nje, akajifunga shuka yake vizuri, akaacha samaki wake wote, akapita langoni kwangu akienda. Nilimwamkia, hakuitika.

"Umemfokea mama yangu!" Mke Mdogo akasema, amesimama mlangoni kwake. Boma lote lilikuwa kimya, isipokuwa magitaa.

"Siyo mimi niliyefoka," Chifu akasema. Alikuwa bado amekaa.

"Ni nyumba ya nani? Ni spika ya nani? Nani aliyeiweka?"

"Nimesema siyo mimi."

Hapo nilitamani nimzibe mdomo. Mtu aliyeamua kesi za watu maisha yake yote, alijua ukisema samahani umekubali kosa, na kosa hakuliona. Mke Mdogo aliingia ndani, akatoka na nguo zake na ile spika, waya ameukata. Akaiweka kichwani juu ya mzigo. "Huu ni mgao wangu," akasema. "Mgao ukishatoka haurudi." Akamfuata mama yake. Baadaye tukasikia amefungua duka Kakuma.

Chifu alituma mbuzi Kerio kwa mkwe wake, hilo alilifanya haraka na bila maneno, na mkwe akapokea. Kwa Kakuma hakutuma kitu. Alisemwa na wazee wenzake, akaambiwa aoe mwingine, akainua kile kiganja chake. Fundi wa umeme akamletea spika nyingine ya kuziba pengo, Chifu akamrudisha nayo. "Hiyo ni ya nyumba gani?" Nyumba ya tatu ilibaki imefungwa, na yeye kila jioni akawasha mashine vilevile, akakaa katikati, uso kuelekea mlango uliofungwa. Alikonda. Shati la khaki nililipunguza ubavuni, nikalipunguza tena. Sikumwelewa kabisa. Kama unamtaka, nenda. Kama humtaki, geuza kigoda.

Nilikwenda Kakuma kwa shughuli zangu, maana vitenge vizuri viko kule kwenye kambi ya wakimbizi, kwa Wakongo, na nikiwa barabarani nikaiona ile spika. Imetundikwa juu ya mlango wa duka la mabati, haina waya, inang'aa, imefutwa vumbi. Mke Mdogo alinikumbatia mpaka mgongo ukalia. Alinipa chai, akaniuliza hali ya kila mtu, ya bibi, ya mbuzi, hata ya cherehani. Ya Chifu hakuiuliza, kwa hiyo nikamwambia mwenyewe kwamba amekonda.

"Ale," akasema.

"Dada, mama yako alishapokea mbuzi."

"Mama amekula mbuzi. Mimi sijala. Na mbuzi simtaki." Aliweka kikombe chini. "Anieleze kwa nini mimi ndiye niliyepewa wa kufoka. Hilo tu. Kama ananichukia aseme ananichukia, nijue moja."

Niliporudi nilimfikishia Chifu maneno hayo kama yalivyo. Nilidhani atainua kiganja. Badala yake akakunja uso, akawa kama mtu aliyeambiwa habari ya nchi nyingine.

"Anafoka?" akaniuliza. "Nani anafoka?"

"Yule wa spika yake, mzee. Si anafoka kila siku?"

"Yule anaimba."

"Nyumbani kwa mkeo alikuwa anafoka. Chifu, wewe ulishawahi kukaa ndani mle hiyo kitu ikilia?"

"Nitakaaje ndani? Mimi nakaa katikati."

Halafu akainuka, akawasha mashine, na kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu hakwenda kwenye kigoda. Aliingia nyumbani kwa Mke Mkubwa, akasimama mle wimbo mzima. Akatoka, akaingia kwa mke wa pili. Akaenda kwa mama yake, akainama mlangoni. Mwisho akaja kwangu, akaingia kibandani, kichwa chake karibu kiguse spika, akasikiliza ule upepo wangu na zile kengele.

"Hii ndiyo unayosikia?"

"Ndiyo hii."

"Miaka yote?"

"Miaka yote, Chifu."

"Na hukulalamika?"

"Nilidhani mashine yako imeharibika. Niliona vibaya kukuambia."

Nilifikiri atacheka, kwa sababu mimi mwenyewe nilikuwa karibu kucheka. Hakucheka. Alishika kichwa cha cherehani yangu, akaegemea.

"Nimewapunja," akasema. "Muziki nimekula mimi. Nyinyi nimewagawia kelele."

Kesho yake asubuhi alizing'oa spika zote. Mke Mkubwa alimfungashia yake kwenye kanga, mabega yakimtikisika, na akamwambia, "Nenda umlete, umetuchosha." Mimi nikaambiwa niende naye kwa kuwa duka nalijua, na cherehani nikaifunika. Tukafika Kakuma jua likiwa kali, Chifu na shati lake la khaki, kigoda mkononi, maboksi nyuma yetu kwenye mkokoteni tuliokodi stendi.

Mke Mdogo alikuwa anapanga samaki. Alituona, akaendelea kupanga.

"Ejok?" Chifu akamwamkia.

"Ejok," akajibu, baridi kabisa.

Nilingoja Chifu aseme lile neno lililomleta. Hakusema. Akaomba tu, kwa ile sauti ya chini ambayo humwekea mama mkwe, kama anaweza kuazimwa ile spika ya mlangoni. Mke Mdogo akainua mabega. Jirani yake wa Kikongo, muuza vitenge, akaja na waya wa umeme kutoka kwake. "Papa, twala hii, ya kwako ni fupi," akasema, na akabaki kutazama, na wengine wakaja kutazama. Chifu akapanga spika mbili mbele kwenye pembe, mbili nyuma karibu na mlango, besi nyuma ya magunia. Ile iliyolala akaiweka mbele katikati, taratibu, akaifuta kwa kiganja ingawa haikuwa na vumbi. Kisha akaweka kigoda chake katikati ya duka.

"Kaa," akamwambia mkewe.

Watu wakaguna. Mke Mdogo akaniangalia mimi, kama kwamba mimi ndiye mwenye akili pale. "Sikalii kigoda cha mwanamume," akasema.

"Si cha mwanamume. Ni mgao wako. Mimi nilikuwa nimeukalia."

Muuza vitenge alikuwa ameacha kutafuna. Halafu Mke Mdogo akakusanya sketi yake, akakaa, magoti juu, maana mtu mrefu kwenye kile kigoda ni taabu. Chifu akawasha mashine, akatoka nje. Duka lilikuwa dogo, nafasi haikuwepo, akasimama juani nyuma ya mlango. Na mimi, bahati yangu ilivyo, nilikuwa nimebanwa kwenye nguzo chini ya spika ya nyuma, ile ile yangu. Basi nikasikia tena upepo.

Kwa hiyo alichosikia Mke Mdogo siwezi kukwambia. Nilichoona ni shingo yake. Ilianza kugeuka, kushoto, kulia, kushoto, akitafuta ni nani anayemwita. Halafu ikaacha kugeuka. Akakaa wima kama Chifu alivyokuwa akikaa, mikono juu ya magoti, na usoni sikuona kitu, uso ule ule wa mumewe uliokuwa ukinikera miaka yote. Ulipofika ule ukelele mrefu alishika ukingo wa kigoda kwa mikono miwili. Nikasema, sasa anainuka, sasa anatoka, yamekwisha. Hakuinuka. Mteja mmoja aliingia akauliza bei ya samaki, na Mke Mdogo, bila kumtazama, akainua kiganja.

Diski iliisha. Nje mtu alikohoa.

"Bado anafoka," Mke Mdogo akasema. "Anafoka kabisa. Lakini hanifokei mimi. Wengine wote wamemzunguka wanamsubiri yeye aseme."

"Amesema nini?" Chifu akaniuliza kutoka nje. Pale aliposimama hakuwa amesikia chochote ila mabaki, kama mimi.

Nikamwambia neno kwa neno. Akalisikiliza, akaangalia barabara, akaangalia miguu yake. Kisha Chifu, na shati lake la khaki, mbele ya Wakongo na Waturkana na wapita njia, akaketi chini mchangani hivi hivi, bila kitu, akafunika macho kwa mkono.

Niligeuka nikamwangalia Mke Mdogo. Machozi yalikuwa yanamshuka na hakuyafuta, na bado alikuwa amekishikilia kile kigoda.

"Mama Fundi, mwambie huyo mzee aingie, jua litamuua," akasema. "Na atafute cha kukalia. Hapa nimekaa mimi."

Chifu akainuka, akajikung'uta, akaingia. Alivuta gunia la samaki, akalikalia kando ya mkewe, magoti yao karibu yagusane. Mke Mdogo akaniambia nianzishe ile diski tena.